Diski C ilijaa magoli

"Dada, mbona haitoki?"

Aliyeniuliza alikuwa mwanafunzi, amesimama mbele ya kaunta yangu tangu saa mbili asubuhi. Flashi yake bado imechomekwa kwenye kompyuta, na mkononi ameshika makava ya plastiki aliyoyanunua kwangu dakika tano kabla. Ripoti ya utafiti, kurasa 84, nakala 3, na mwisho wa kukabidhi ni saa sita mchana. Nyuma yake foleni ilikuwa imefika mlangoni, na wa mwisho alikuwa mzee mmoja aliyetaka kopi mbili tu za kitambulisho, kila dakika akikohoa ili nisimsahau.

Nina steshenari ndogo Nyegezi, Mwanza, upande wa njia ya kwenda Malimbe. Kompyuta moja, printa mbili, mashine ya fotokopi, ya lamineshini, na friji ya soda ambayo kwa kweli ndiyo inayolipa kodi ya pango. Asubuhi ile nilikuwa nabonyeza printi, kialama cha printa kinatokea chini ya skrini, kinakaa kidogo, kinapotea. Karatasi haiji. Nikazima printa nikawasha. Nikahamia printa ya pili, vilevile. Nikabadilisha waya. Nikaipiga kofi la ubavuni, na msinicheke, kuna siku linasaidia.

Ni pale nilipojaribu kuhifadhi ripoti ya yule kijana kwenye kompyuta, niiprinti kutokea huko, ndipo ikasema ukweli: nafasi hakuna. Nikafungua orodha ya diski. Mstari wa C ulikuwa mwekundu mwanzo hadi mwisho. Kati ya GB 223, zilikuwa zimebaki MB 38.

Sikuwa najua kwamba kuprinti nako kunahitaji nafasi. Kumbe kila kazi unayoituma kwenye printa, Windows huiandika kwanza kama faili la muda ndani ya C, kwenye folda ya foleni, ndipo printa inalisoma kutoka pale. C ikijaa hakuna pa kuandika foleni, na printa inakaa inakutazama tu, nzima kabisa, wino umejaa, karatasi zimo. Nilimwaga pipa la taka la kompyuta, nikapata GB 2 na ushei, karatasi zikaanza kutoka. Yule kijana aliondoka saa tano na dakika ishirini, mbio, nakala zote tatu kwapani. Mzee wa kitambulisho alikuwa ameshaondoka zamani.

Mchana duka lilipotulia nikaanza kumsaka mwizi. Nyaraka zangu hazikufika hata GB 4. Picha za pasipoti za wateja, na ninazo za miaka, zote zipo diski D. Nikapita folda moja moja, bonyeza kulia, angalia ukubwa, endelea. Nilipofika Videos nikasimama. GB 131. Mimi kwenye kompyuta ile sina video hata moja. Ndani yake kulikuwa na folda moja tu, imeandikwa Captures, na ndani ya hiyo mafaili 143 ya video na picha kama sitini. Nikafungua la kwanza. Uwanja wa kijani, mashabiki wanapiga kelele, mtu kavaa jezi nyekundu anakimbia pembeni.

Magoli. Diski yangu ilikuwa imejaa magoli.

Mdogo wangu tunamwita Kipa kwa sababu anadaka timu ya mtaa, ingawa kwenye gemu anataka awe mshambuliaji peke yake. Jioni mimi huondoka mapema nikamuogeshe mtoto na kuandaa chakula, yeye ananifungia duka. Makubaliano yetu ni saa mbili usiku. Sasa haya mafaili, kila moja limebeba jina lake lenyewe: kwanza jina la gemu, halafu tarehe, halafu saa, dakika na sekunde. Mashine imeandika, hakuna aliyeiomba. Nikamwita.

"Kipa, Ijumaa ulifunga duka saa ngapi?"

"Saa mbili, Dada. Kama kawaida."

"Na hii 23-52 ni nini?"

Akainama karibu na skrini kama anayesoma maandishi madogo ya dawa. "Hizo ni saa za kompyuta, Dada. Haziendi na za kwetu."

Kweli haziendi. Kwa za kwetu ni saa sita kasoro dakika nane usiku, na nilimtafsiria. Kwa heshima yake hakubisha tena. Alichosema baadaye ndicho kilichonifanya niandike makala hii: "Lakini mimi sikujua zinaenda mahali. Nilidhani zinabaki humo humo kwenye gemu."

Nimemfikiria sana. Hakuwa mjinga, maana vitufe alivijua vyote. Windows 10 na 11 zina kirekodi chake cha ndani kinaitwa Xbox Game Bar, hukinunui wala hukipakui, kimo tu. Ukibonyeza kitufe cha Windows pamoja na Alt na R, inaanza kurekodi gemu unalocheza. Ukibonyeza tena, inaacha. Windows na Alt na PrtScn inapiga picha ya skrini. Na kama umeruhusu irekodi chinichini muda wote, Windows na Alt na G inakuokolea sekunde 30 zilizopita, yaani goli likishaingia ndipo unabonyeza. Kipa alizijua hizo kama anavyozijua njia za kukwepa madeni ya soda. Ila kati ya kubonyeza na kuona hakuna mahali palipomuuliza: ndugu, hii nikuwekee wapi? Kikaratasi kinatokea pembeni ya skrini kumjulisha kuwa klipu imerekodiwa, kinapotea, mpira unaendelea.

Na mashine isipouliza huwa imeshaamua. Imeamua C, ndani ya jina lako, ndani ya Videos, ndani ya Captures. Sababu yake inaeleweka ukiitazama kwa macho ya waliotengeneza: diski pekee ambayo Windows ina uhakika ipo ni ile inayokaa yenyewe. Haijui kama una D, haijui kama D ni ya kudumu au ni flashi ya mteja itakayochomolewa sasa hivi. Kwa hiyo inarundika vyote chumbani kwake. Mafundi wetu nao wana desturi ya kuweka C ndogo yenye kasi na D kubwa ya taratibu, maana ndiyo nafuu. Ya kwangu C ni SSD ya GB 240 (Windows inaiona 223, kwa sababu kiwandani wanahesabu kwa elfu na Windows inahesabu kwa 1,024, hujaibiwa), na D ni diski ya kuzunguka ya TB 1. Matokeo yake kila kitu kinachonenepa kinakwenda kwenye chumba kidogo, na chumba kikubwa kinakaa na picha za pasipoti.

Na video zinanenepa kwelikweli. Nilichukua mechi moja ya dakika 12: MB 900. Hesabu yake si ngumu. Kirekodi kinaandika kiasi fulani cha biti kila sekunde; hii ilikuwa kama megabiti 10. Gawa kwa 8 upate megabaiti 1.25 kwa sekunde, hiyo ni 75 kwa dakika, GB 4.5 kwa saa. Ukipandisha ubora, ukatoka fremu 30 kwenda 60 kwa sekunde, inapanda zaidi. Mtu anayerekodi kwa megabiti 50 anakula GB 22 na nusu kwa saa moja. Kipa alikuwa anarekodi kila mechi, mwanzo mpaka mwisho, pamoja na kupanga kikosi.

Ungeniambia futa zote, ningekuelewa. Nilikuwa nimeshaziwekea alama zote 143, kidole kipo juu ya Delete. Kipa akasema, "Dada, angalia moja tu." Akanifungulia goli la tikitaka, beki wawili wamelala chini, mpira umegonga mwamba ukaingia. Mimi si mtu wa mpira. Lakini alivyokuwa ananionyesha, anasimamisha, anarudisha nyuma, ananieleza alivyobonyeza, nikaona hiki ni kitu chake kama mimi nilivyo na daftari langu la mahesabu la mwaka ule nilioanza duka, ambalo halina kazi tena na sitalitupa. Basi zihamie D. Huko zina nafasi ya kunenepa.

Hapo ndipo mimi, dada mtu mzima, nikaharibu kuliko yeye.

Nilikuwa nimesikia kwamba folda kama Videos, Pictures na Documents unaweza kuzihamisha kwa kubonyeza kulia, ukachagua Properties, halafu kipande kilichoandikwa Location, halafu Move. Ni kweli kabisa. Nikafanya, na iliponiuliza wapi, nikaionyesha D. Siyo folda ndani ya D. D yenyewe, mlangoni. Ikaniuliza kama ihamishe na mafaili, nikasema ndiyo, nikaenda kumhudumia mteja wa lamineshini.

Niliporudi D ilikuwa haipo. Yaani ipo, lakini inaitwa Videos, ina alama ya Videos, na ndani yake mahesabu yangu, picha za wateja, barua za watu na ile Captures ya Kipa vimekaa sebule moja. Windows ilikuwa imenielewa neno kwa neno: umesema folda ya Videos sasa ni D, basi D nzima ndiyo folda ya Videos. Nikabonyeza kitufe cha kurudisha mahali pa mwanzo. Haikukubali. Ukiiwaza unaona inachoombwa: chukua diski nzima uirudishe ndani ya C ambayo ndiyo kwanza tumeikimbia.

Fundi wangu anatoka Magu, mtu mpole, ukimsalimia mwangaluka anaitika kwa kirefu kabla hata hajauliza tatizo. Alicheka kidogo, si sana. Akafungua rejista ya Windows, akaenda kwenye sehemu inayoitwa User Shell Folders, ambako kila folda ya mtumiaji imeandikiwa anwani yake, akatafuta mstari wa My Video ukiwa umeandikwa D, akaurudishia anwani ya zamani, akaizima na kuiwasha kompyuta. D ikarudi kuwa D. Hakupoteza faili. Akaniambia, "Siku nyingine tengeneza folda kwanza, ndiyo uielekeze humo. Usimkabidhi mtu nyumba nzima wakati ameomba chumba." Nikamlipa, na soda juu. Rejista sikushauri uiguse mwenyewe. Hapo hakuna pipa la taka la kurudishia ulichokosea.

Halafu akanionyesha njia ambayo ningeitumia tangu mwanzo, na ni fupi mpaka inatia hasira. Folda ya Captures unaikata, unakwenda D, unatengeneza folda, mimi nimeiita Gemu, unaibandika humo. Basi. Windows inaifuata. Rekodi inayofuata itajiandika kule kule ilikohamia, bila kuuliza na bila kuelekezwa. Nilibisha, kwa sababu miaka yote nimezoea kwamba ukiihamisha folda ya programu kwa mkono, programu inapotea njia. Hii ni tofauti: Captures ni miongoni mwa folda ambazo Windows yenyewe inazitunzia anwani, ukiisogeza inasahihisha anwani. Ukitaka uhakika, fungua Settings, nenda Gaming, kisha Captures, bonyeza kitufe cha kufungua folda, uone kinakupeleka wapi. Yangu ni Windows 10, ambayo Microsoft iliacha kuihudumia tarehe 14 Oktoba 2025. Kwenye 11 ukurasa ni uleule ila samani zimesogezwa kidogo.

Fanya hivyo gemu likiwa limefungwa. Na ukimaliza usiamini mpaka umejaribu: rekodi sekunde kumi za upuuzi, uende ukaliangalie faili lilipo. Mara ile ya kwanza, kuhamisha GB 131 kutoka C kwenda kwenye diski yangu ya kuzunguka kulichukua zaidi ya nusu saa, na muda wote Kipa alikaa mbele ya ule mstari wa kijani kama anasubiri penalti.

Hofu yake ilikuwa kwamba D ni ya taratibu, gemu litaanza kukwama. Nikampigia hesabu ileile: rekodi inaandika megabaiti 1.25 kwa sekunde, wakati diski ya kuzunguka, hata iliyozeeka, inaandika makumi ya megabaiti kwa sekunde. Haisikii. Kinachoweza kukwamisha ni gemu lenyewe likiwa limewekwa kwenye diski hiyo hiyo na kusomwa wakati huohuo. Gemu likae C, rekodi ziende D, kila mmoja na njia yake. Flashi ndiyo nisingependekeza. Kwanza nyingi zinakuja zimepangwa kwa FAT32, mpangilio wa zamani wa kutunza mafaili, na hiyo haipokei faili linalofika GB 4 hata kama flashi ni ya GB 64 na ni tupu. Rekodi ya saa nzima inagoma, na wateja wangu wengi wanadhani flashi imekufa, kumbe inataka kupangwa upya kwa exFAT. Pili, flashi na diski za nje hubadilishiwa herufi. Leo ni E, kesho umechomeka ya mteja kwanza, yako imekuwa F, na anwani uliyoiandika inaelekea kwa mtu mwingine. Ukilazimika, ingia kwenye Disk Management, sehemu ya Windows ya kusimamia diski, uipe herufi ya mbali, kama T, ambayo hakuna atakayeigombania.

Picha za skrini ni kesi nyingine, na hii inauma upande wa bando. Zile za Game Bar zinakwenda Captures pamoja na video. Lakini ukibonyeza Windows na PrtScn bila Alt, picha inakwenda Pictures, kwenye folda ya Screenshots. Sasa kama OneDrive, ghala la mtandaoni la Microsoft, iko hewani na umewahi kubonyeza "sawa" bila kusoma, ile Pictures inaweza kuwa haiko tena kwenye kompyuta yako peke yake. Ni Pictures ya OneDrive, na kila picha unayopiga inapanda mtandaoni. Nafasi ya bure kule ni GB 5. Zikijaa, barua pepe zinaanza kukukumbusha ununue. Mimi natumia bando la simu, nawasha hotspoti nikipata mteja wa kutuma maombi ya mkopo au ya ajira. Kwa muda mrefu nilikuwa najiuliza bando langu linakwenda wapi na mteja ni mmoja. Lilikuwa linapandisha picha za Kipa akiwa anaongoza mbili kwa sifuri. Dawa ni kuzima kwanza, ndani ya mipangilio ya OneDrive, ule ulinzi unaopandisha folda zako mtandaoni, ndipo uihamishe Screenshots kwa njia ya Location, safari hii ukiielekeza kwenye folda iliyo ndani ya D, siyo D.

Wanaotumia programu nyingine, kila moja ina chumba chake na haisikilizi mambo ya Captures. Steam, duka la gemu la mtandaoni, inapiga picha kwa F12 na ina mahali pake pa kuchagua folda. Tangu Novemba 2024 inarekodi na video kwa wote, nayo ina folda yake na kikomo unachojiwekea. Kadi za michoro za NVIDIA na AMD zinakuja na programu zao. OBS, programu ya bure ya kurekodi skrini, inaandika njia ya kuhifadhia kwenye mipangilio ya Output. Kipa alikuwa na mbili kati ya hizo zikifanya kazi kwa pamoja, goli moja linarekodiwa mara mbili sehemu mbili.

Nilitegemea hadithi iishie hapo. Lakini baada ya kuhamisha nilikaa jioni moja kuchuja zilizojirudia, na kuchuja maana yake ni kutazama. Katika mechi ya tatu au ya nne nikasikia mtu anasema, "Mia tano hapana, mama, karatasi yenyewe nanunua." Nikageuka kuangalia mlangoni. Hakuna mtu. Ilikuwa sauti yangu.

Juu ya skrini nina kamera niliyoinunua kwa ajili ya wateja wanaofanya usaili kwa mtandao. Ina maikrofoni, na maikrofoni ilikuwa imewashwa kwenye rekodi. Kwa hiyo kila mechi aliyocheza mchana, duka lilikuwa limelala, mimi niko kwenye mashine ya fotokopi, imerekodi na duka. Bodaboda inapiga honi. Mvua inaanza juu ya bati, kwanza tone tone, halafu hasikiki hata mtangazaji wa mpira. Mama muuza sato kaanga anapita anaita, na mimi namwita arudi. Nilicheka peke yangu, nikafungua nyingine, na nyingine.

Halafu nikafika kwenye moja nikaacha kucheka. Mteja anasoma namba ya kitambulisho chake cha taifa, taratibu, tarakimu zote 20, ili niijaze kwenye fomu kwa mkono. Anaisoma vizuri kabisa. Jina lake, tarehe ya kuzaliwa, namba ya simu, anarudia mara mbili kwa sababu nilimwomba arudie. Na juu ya sauti hiyo mtu kavaa jezi nyekundu anapiga kona. Klipu kama hiyo Kipa angeweza kuituma kwenye kundi la rafiki zake wa gemu akitaka waone kona tu.

Sikumlaumu, maana na mimi nisingejua. Ila hiyo ndiyo siku nilipozima maikrofoni. Kwenye ukurasa uleule wa Captures kuna sehemu ya kuizima isirekodi tangu mwanzo, na ukiwa katikati ya gemu Windows na Alt na M inaiwasha au kuizima. Klipu zenye sauti za wateja nilizipitia zote, usiku mbili mfululizo. Zilizokuwa na jina la mtu au namba nilizifuta, tikitaka mojawapo ikiwemo. Kipa alinuna siku nzima. Ile ya mvua nimeibakiza, humo hakuna anayesikika isipokuwa mimi nikipiga kelele, "Kipa, anua nguo!" na mchezaji wake akiendelea kukimbia na mpira bila hata kugeuka.

Sasa D ina Gemu, ndani yake Captures, ndani yake amejitengenezea folda ndogo kwa mwezi. C ina GB 140 wazi na printa inatoa karatasi. Kuna faili moja tu tunalogombana. Ni la usiku wa radi, zile radi za usiku za ziwani zinazotikisa mpaka vioo, umeme ukakatika rekodi ikiwa inaendelea. Faili za mp4 huandikiwa ramani yake mwishoni, ukizima kabla halijafungwa ramani haipo. Data imo humo, MB 700 na kitu, lakini hakuna kicheza video kinachojua pa kuanzia. (Ndiyo maana wanaorekodi kwa OBS hushauriwa kutumia mkv, aina nyingine ya faili la video, ambayo ikikatika inabaki na ulichokwisha kupata.) Nimejaribu kulifungua kwa programu tatu. Fundi naye kajaribu. Haliendi.

Nilitaka kulifuta wakati wa kuhamisha. Kipa akanishika mkono. Anasema hiyo ndiyo fainali waliyocheza na kijana wa duka la simu hapo jirani, na umeme unakatika yeye anaongoza nne kwa moja. Kijana wa duka la simu anasema ilikuwa mbili kwa mbili, na mpira alikuwa nao yeye. Wote wawili wananiambia nimwombe fundi ajaribu tena.